Kibati cha Mzamiaji

Barua ya makao makuu haikuwa na maneno mengi. Ilimtaka Admirali mstaafu aandike wasifu wake mwenyewe, usiozidi ukurasa mmoja, autie saini na kuurudisha kabla ya Ijumaa. Haikusema ni wa kazi gani, wala haikuwa na haja ya kusema. Kila ofisa mkubwa wa jeshi la majini alijua kwamba ukurasa ule huwekwa kwenye faili, na siku mwenyewe akifa hutolewa, ofisa kijana mwenye sauti nzuri akausoma mbele ya jeneza. Zamani wasifu uliandikwa na wafiwa. Lakini wafiwa hutia chumvi, na makao makuu yakachoka kuwasomea watu habari za manowari ambazo hazikuwahi kuelea popote. Ndipo ikaamuliwa kila mtu ajiandikie kabla hajaondoka.

Wenzake walipewa barua ile siku ya kustaafu. Yake ilisahauliwa, ikamfikia miaka sita baadaye, wiki mbili tu baada ya daktari wa hospitali ya jeshi kumweka kitako na kumweleza hali ya mapafu yake. Akajua daktari amezungumza na karani. Hakukasirika. Jeshi ni jeshi, hata kifo kikija kinatakiwa kikute faili limekamilika.

Alikuwa mtu mrefu, mkavu, na mabaharia walimwita Dakika. Meli yoyote aliyokuwa na amri juu yake iliondoka gatini kwa dakika iliyoandikwa, si moja kabla wala moja baada. Aliingia jeshini akiwa kuruti wa kusugua sitaha, akawa luteni, akawa msaidizi wa nahodha kwenye meli ya doria, akawa nahodha wa manowari tatu kwa zamu, na mwisho akawa mkuu wa jeshi zima la majini, saluti zikimfuata mpaka mlango wa choo. Nyumbani kwake nako viatu vilikaa kwa mstari, vikombe kwa mstari, na sasa chupa za dawa kwa mstari. Marehemu mkewe alizoea kusema kwamba yeye hakuolewa na mwanamume, aliolewa na gwaride.

Jumatano asubuhi walikaa kwenye meza ya kulia chakula, yeye na binti yake wa pekee. Binti alikuwa mwalimu wa hesabu, mama wa watoto wawili, na alikuwa amechukua likizo ili amuuguze. Alifungua kompyuta yake ndogo, akavaa miwani, akaanza kuandika kwa vidole vya haraka huku baba yake akimtajia.

"Haya, Baba," alisema baada ya robo saa. "Kuzaliwa tumemaliza, shule tumemaliza, kusugua sitaha tumemaliza. Ukawa msaidizi wa nahodha kwenye meli ya doria. Halafu?"

"Halafu nikapandishwa cheo."

"Kwa sababu gani? Imeandikwa hapa kwenye barua, kila cheo na sababu yake."

Admirali alikohoa, akafuta mdomo kwa leso. "Andika: kwa utulivu aliouonyesha wakati wa ajali."

Binti akaandika. Admirali akainama kusoma maneno yale kwenye kioo, akayasoma mara mbili, kisha akasema, "Futa."

Akafuta.

"Hapana. Andika tena."

"Baba, niandike au nifute? Chagua moja, mimi nina wanafunzi wanaonisumbua hivihivi."

Alisema kwa utani, lakini alipomtazama baba yake utani ukamwishia. Mzee alikuwa amekunja mikono yote miwili juu ya meza, moja juu ya nyingine, kama mtu anayeizuia isifanye kitu. Akamwambia aache kuandika kwanza, asikilize. Na kwa sauti ileile kavu aliyoitumia maisha yake yote kutoa amri, akamweleza mwanawe jambo ambalo hakuwahi kumweleza hata mkewe.

Miaka thelathini na moja nyuma, asubuhi ya ukaguzi mkuu, meli yao ilitakiwa kuondoka gatini saa mbili kamili. Wakubwa walikuwa tayari wameketi jukwaani na darubini zao. Saa moja na nusu ikagundulika kwamba kamba kuukuu imejiviringisha kwenye rafadha, yale mapanga ya nyuma yanayoisukuma meli. Wakateremshwa wazamiaji wawili kuikata, mmoja kila upande.

Kuhusu wazamiaji palikuwa na sheria isiyochezewa. Karibu na ngazi palitundikwa ubao, nusu umepakwa rangi nyekundu, nusu nyeupe, wenye misumari. Kila mzamiaji alikuwa na kibati chake cha shaba chenye namba. Akishuka majini anakitundika kwenye wekundu. Akipanda, anakihamishia kwenye weupe yeye mwenyewe, kwa mkono wake, hata kama anatetemeka kwa baridi na vidole havishiki. Mtu mwingine haruhusiwi kukigusa, awe nani. Na fundi mitambo haruhusiwi kuwasha injini mpaka apande juu, asimame mbele ya ubao, na aone kwa macho yake kwamba upande mwekundu hauna kitu.

Ilikuwa sheria nzuri, ila watu ni watu. Mzamiaji akitoka kwenye maji ya baridi akili yake yote iko kwenye chai, na mara kwa mara mmoja alipitiliza jikoni akasahau kibati chake kwenye wekundu. Adhabu ya kusahau ilikuwa kunyimwa likizo. Kwa hiyo maofisa wenye roho nzuri, wakiona kibati kimesahauliwa na mwenyewe wamemwona akipita, walikisogeza kimyakimya wakaenda zao. Walilijua wao kwa wao tu, na hakuna aliyeliandika popote. Aliyeongoza kwa kusahau alikuwa mzamiaji mmoja mcheshi, mtoto wa pekee wa mama mjane, ambaye wenzake walimwita Bata kwa jinsi alivyotembea na viatu vyake vya kuogelea. Mwezi ule alikuwa amesahau mara mbili. Ya tatu ingeondoka na likizo yake, na likizo ilianza kesho yake. Alishamwandikia mama yake kwamba anakuja, na alishawachosha watu wote sitahani kwa kuwaeleza atakavyolala mpaka saa nne bila kuamshwa na filimbi.

Saa mbili kasoro dakika kumi na mbili, msaidizi wa nahodha alikuwa amesimama karibu na ngazi. Aliona mgongo wenye vazi jeusi la mpira, unachuruzika maji, ukielekea jikoni. Baada ya kitambo akaona mgongo mwingine, mweusi vilevile, unachuruzika vilevile, ukipita njia ileile. Akahesabu watu wawili. Akatazama ubao: kibati kimoja kimehamishwa, cha Bata bado kiko kwenye wekundu. Akatikisa kichwa, akatabasamu, akakisogeza. Alikisogeza kwa huruma, na alikisogeza kwa haraka pia, maana wakubwa walikuwa wanasubiri, na mpaka leo akijipima hajui kipi kati ya viwili hivyo kilikuwa kizito zaidi.

Migongo yote miwili ilikuwa ya mzamiaji mmoja. Alikuwa amepanda, akahamisha kibati chake, akaenda jikoni, akarudi kuchukua kisu alichokiacha ngazini, msaidizi wa nahodha akiwa ametazama jukwaani, akapita tena. Fundi mitambo akapanda, akasimama mbele ya ubao, akaona wekundu hauna kitu, akateremka, akawasha injini. Bata alikuwa bado chini.

"Alikufa?" binti aliuliza, ingawa alijua.

"Papo hapo."

Yeye ndiye aliyetoa amri zote baada ya hapo. Alizimisha injini, akaita mashua, akamfunika marehemu, akaandika taarifa kwa mwandiko ulionyooka. Kila mtu alisifu utulivu wake. Hawakujua kwamba haukuwa utulivu, ni mwili tu ulikuwa umekufa ganzi.

Tume ya uchunguzi ilikaa siku nne. Kibati kilikutwa kwenye weupe, na marehemu hakuweza kukihamisha. Fundi aliapa kwamba aliangalia na ubao ulikuwa safi. Tume ikaona maelezo mamoja tu yanayowezekana: fundi hakuangalia, na alipoona alichokifanya akakimbilia ubaoni kukisogeza ili kujiokoa. Msaidizi wa nahodha aliitwa siku ya tatu. Wakamuuliza: "Ulimwona mtu yeyote akigusa ubao ule?" Akajibu: "Sikumwona mtu."

"Na ilikuwa kweli," Admirali alimwambia binti yake. "Sikumwona mtu. Nilijiambia wakiniuliza kama nimeugusa mimi, nitasema. Nilikaa pale nikisubiri waulize. Nakuapia nilikuwa nasubiri. Mwenyekiti akafunga kitabu akasema asante, unaweza kwenda."

Fundi alifungwa miaka miwili kwenye gereza la jeshi na akamwaga unga. Msaidizi wa nahodha akapandishwa cheo. Tangu hapo hakuna meli yake iliyoondoka kwa haraka. Aliwaita watu saa nzima kabla, akawahesabu kwa nyuso na si kwa migongo, akasimama mwenyewe mbele ya ubao mpaka mafundi wakaona kero. Ndipo wakamwita Dakika. Walidhani anaipenda saa, kumbe anaiogopa.

Binti alivua miwani. "Huyo fundi yuko hai?"

"Yuko hai."

"Unajua anakoishi?"

"Najua. Nimejua siku zote. Anatengeneza cherehani, ng'ambo ile ya reli. Nimewahi kupita kwa gari, nikamwona."

Hili la mwisho ndilo lililomuumiza binti kuliko yote. Aliinuka akaenda jikoni, akafungua bomba, na maji yakamwagika muda mrefu bila chombo kuoshwa. Admirali alikaa palepale. Binti aliporudi, macho yake yalikuwa mekundu lakini sauti imetulia.

"Sasa unataka niandike nini hapa?"

"Hayo niliyokwambia. Yote. Nataka yasomwe."

"Yasomwe lini?"

Admirali akaigeuza barua ya makao makuu, maandishi yakatazama meza.

"Siku ya mazishi," binti akamjibia. "Yaani fundi ayasikie wewe ukiwa umelala pale ndani, umefunikwa bendera, hawezi kukuuliza neno. Baba, tume uliikimbia mara moja. Sasa unataka kuikimbia mara ya pili."

Katika maisha yake yote ya jeshi hakuna aliyewahi kumwambia hivyo, na kama angetokea angelala mahabusu. Aliinamisha kichwa. Mapafu yake yalikoroma kidogo, kisha akasema, "Andika, mama. Kesho unipeleke."

Wakaandika ukurasa mmoja, wakautoa nakala mbili. Vyeo vyote vilikaa kwenye mistari minne ya mwanzo, na vilipokaa hivyo vilionekana vichache. Uliobaki wote ulikuwa wa asubuhi ile. Alitia saini nakala zote mbili.

Alhamisi saa tatu walisimamisha gari nje ya nyumba ya vyumba viwili iliyopakwa chokaa. Chumba cha mbele ndicho kilichokuwa karakana. Cherehani zilipangwa ukutani, nyingine zimefunuliwa matumbo, na mezani palikuwa na makopo ya skrubu, kila ukubwa na kopo lake. Harufu ya grisi ilimpiga Admirali usoni, ikamrudisha chumba cha injini kwa ghafla, mpaka akashika mwimo wa mlango.

Fundi alikuwa ameketi nyuma ya cherehani ya umeme. Alikuwa mfupi, mwenye kifua kipana, na kichwa chake kilikuwa mvi tupu. Aliinua macho, akatazama kitambo kidogo, kisha akasimama wima, visigino pamoja, ndani ya ndala.

"Shikamoo, afande."

Admirali alikuwa amepokea heshima za maelfu ya watu, lakini hiyo hakujua aiweke wapi. Walikaribiana umri, wakipishana miaka miwili mitatu tu. Alishindwa kuitikia. Binti yake ndiye aliyeokoa hali kwa kumwamkia mzee wa watu, naye fundi akamwitikia kwa furaha, akafuta benchi kwa kitambaa, akawakaribisha.

"Nilisikia unaumwa, afande. Pole sana. Nipe dakika moja nimalize hii, mwenyewe anakuja kuichukua." Akageukia mlango wa ndani. "Mama Watoto, njoo unitazamie."

Akatoka mwanamke mnene, mpole wa uso, anafuta mikono kwenye kanga. Alikuwa mkewe. Aliwaamkia wageni, kisha, bila kuulizwa zaidi, akainama juu ya cherehani, akatazama chini ya sindano, akatazama chini ya meza, akazunguka upande wa pili akatazama na huko. "Hakuna kitu," alisema. "Washa." Ndipo fundi akawasha. Cherehani ikaunguruma vizuri, akaizima, akaridhika. Mke akarudi ndani.

"Usishangae, afande," fundi alisema huku akiketi. "Macho yangu siyaamini tangu siku ile. Nikiwa peke yangu siwashi kitu, hata jiko. Barabara nasubiri mtu avuke, nivuke naye. Watoto wangu walipokuwa wadogo sikuwahi kuwaogesha, nilihofia maji ya moto. Wamekuwa wakubwa sasa, wananicheka." Na yeye mwenyewe akacheka kidogo.

"Fundi," Admirali alianza. "Nimekuja kwa habari ya siku ile."

"Najua. Mtu akiugua huwakumbuka wenzake." Fundi aliinua kiganja kumzuia, kwa adabu. "Lakini nisikilize mimi kwanza, nikutoe wasiwasi. Sina kinyongo na tume, wala na jeshi, wala na wewe. Mwanzoni nilikuwa nacho. Niliapa niliangalia. Gerezani nilikuwa nikifumba macho nauona ule ubao, safi kabisa. Ila mtu akitaka sana kuona kitu, atakiona tu. Nilipotoka nikakubali. Nilikwenda kwa mama yake Bata, nikapiga magoti, nikamwambia, mama, sikuangalia, mimi ndiye niliyemuua mwanao."

Admirali alikuwa amejiandaa kwa matusi. Alijiandaa kufukuzwa, hata kupigwa. Usiku kucha alikuwa amepanga maneno yake kama anavyopanga viatu. Kwa hili hakuwa amejiandaa.

"Uliangalia," alisema.

"Usinifariji, afande. Nimeshazoea."

"Sikufariji. Uliangalia, na ubao ulikuwa safi. Kibati cha Bata nilikihamisha mimi. Niliona migongo miwili nikadhani wote wamepanda. Wewe ulikuja baada yangu ukakuta wekundu hauna kitu. Uliona sawasawa. Na mbele ya tume nikanyamaza."

Fundi alitazama mikono yake iliyokuwa juu ya cherehani, akaigeuza, akatazama viganja. Nje alipita mtu akipiga kengele ya baiskeli. Binti wa Admirali aliinamisha uso asiwaone wazee wawili wakiwa katika hali ile.

"Kwa hiyo niliangalia," fundi alisema mwishowe.

"Uliangalia."

"Niliona nilichoona."

"Ndiyo."

Fundi akaita tena, na sauti ilitoka nyembamba, haikuwa yake. "Mama Watoto. Njoo. Njoo usikie hili." Mkewe alipotokea mlangoni, akamwambia Admirali, "Mwambie na huyu. Sema kama ulivyosema."

Admirali akasimama ndipo akasema, maana aliona si haki kumwambia mama yule akiwa ameketi. Alisema yote kuanzia ubao mpaka swali la tume. Kisha akatoa mfukoni nakala moja ya ukurasa, akampa, akaeleza kwamba nyingine inakwenda makao makuu leo hii, mchana huu, na kwamba ndiyo itakayosomwa siku yake. Mama aliusoma kwa sauti ya chini, kidole kikifuata mistari. Alipofika kwenye neno "nilikihamisha" kidole kikasimama, hakikuendelea tena. Akajishusha taratibu mpaka akaketi sakafuni kati ya cherehani.

Hakumwangalia Admirali. Alimwangalia mumewe.

"Mimi ndiye niliyekuambia ukubali," alisema.

"Yaache hayo."

"Uliponiandikia kutoka gerezani kwamba uliangalia, nilikuamini. Mwaka wa kwanza nilikuamini. Wa pili nikachoka. Watu walikuwa wananiuliza sokoni, basi kibati kilitembea chenyewe? Nikakosa la kuwajibu. Ulipotoka nikakwambia kubali tu, baba, ukakiri kwa yule mama, yaishe. Nilikusukuma. Nilikununulia hadi shati la kwendea." Machozi yalimteremka, hakuyafuta. "Nilikula nawe sahani moja miaka yote hii nikijua moyoni kwamba hukuangalia."

Admirali alibaki amesimama katikati ya chumba, hakuna aliyemhitaji. Alitamani wamgeukie, wamtukane, wamwambie kitu. Alikuja na jambo moja analotaka, na alijua asipoliomba sasa hataliomba tena.

"Nimekuja kuomba msamaha," alisema.

Fundi akamtazama. Hapakuwa na hasira usoni pake, na hilo lilikuwa baya zaidi.

"Nikwambie jambo, afande. Yule mama, mama yake Bata, nilimtunza miaka kumi na tisa. Paa lake niliezeka mimi. Maji nilimtekea mimi. Alipokuwa anakufa alinishika mkono huu, akasema, mwanangu, nimekusamehe, nenda kwa amani. Msamaha ule ndio ulionifanya niwe nalala. Sasa unaniambia haukuwa wangu. Ulikuwa wako, na mimi nimeutumia, na mwenyewe hayupo tena wa kutoa mwingine. Mimi nitakusamehe nini? Bata hakuwa mwanangu. Ya kwangu mimi, labda. Siku moja. Leo sijui hata nianzie wapi, nina miaka thelathini na moja ya kuifikiria upya. Wewe daktari amekupa muda gani?"

"Miezi mitatu. Labda minne."

"Basi sijui kama utatosha," fundi alisema, na alisema kwa huruma ya kweli, kama mtu anayemweleza mteja kwamba kipuri chake hakipatikani.

Binti alimshika baba yake mkono, akamwongoza kutoka. Walipofika nje Admirali alisimama kupumzisha pumzi, mgongo wake kwenye ukuta wa chokaa. Mlango ulikuwa wazi na sauti za ndani zilimfikia vizuri. Alimsikia yule mama akilia, akianza kusema, "Mume wangu, nisamehe mimi, nisamehe kwa—"

"Nimekusamehe," fundi akasema. Hakumwacha hata amalize.

Admirali alilisikia neno lile moja alilokuja kuliomba, likitoka upesi hivyo, bila kupimwa wala kungoja. Binti yake alikuwa ameshafungua mlango wa gari na anamwita, akabaki anamwita kwa muda kabla baba yake hajabanduka ukutani.